Williamson wa Mwadui: Tajiri wa almasi aliyekufa bila mtoto

Ukipita Kolandoto kuelekea Maganzo, unafika Mwadui. Hapo ndipo Dk. John Williamson, mjiolojia aliyezaliwa Kanada mwaka 1907, aligundua almasi mwaka 1940 baada ya kuhangaika miaka kadhaa huku pesa zikimkaukia.

Mwaka 1947 mgodi ukatoa almasi ya pinki ya karati 54.5. Akampa Princess Elizabeth wa Uingereza, zawadi ya harusi.

Yeye mwenyewe hakuoa. Saratani ya koo ilimuua Januari 1958, akiwa na miaka 50 tu. Mgodi wakarithi ndugu zake, na mwaka huohuo wakauuza: nusu De Beers, nusu serikali ya Tanganyika.

Ukoo ukaondoka, jina likabaki. Mpaka leo unaitwa Mgodi wa Williamson.