Anna May Wong: Binti wa dobi aliyebaniwa Hollywood, akang'ara Ulaya

Mwaka 2022 Marekani ilitoa sarafu ya senti 25 yenye sura ya mwanamke mwenye nywele zilizokatwa sawasawa juu ya nyusi. Vijana wengi hawakumjua. Ni Anna May Wong, Mmarekani wa kwanza mwenye asili ya Asia kuwekwa kwenye fedha ya nchi hiyo. Miaka 100 kabla ya hapo, alikuwa tayari staa wa filamu.

Alizaliwa Los Angeles, Januari 3, 1905, na kupewa jina la Wong Liu Tsong. Baba yake alikuwa dobi. Hollywood ilikuwa inaanza kukua hapo hapo mjini, na mtoto huyo akawa anatoroka shule kwenda kutazama watu wakipiga filamu mitaani. Mwaka 1919 akapata nafasi ya kupita tu mbele ya kamera katika The Red Lantern. Mwaka 1922, akiwa na miaka 17, akawa mhusika mkuu wa The Toll of the Sea, moja ya filamu za mwanzo kabisa za rangi. Miaka miwili baadaye akatokea na Douglas Fairbanks katika The Thief of Bagdad, na jina likavuka mipaka.

Shida ikawa moja: jina lilikua, nafasi hazikukua. Alipewa kucheza mtumwa, kijakazi au mwanamke mwenye hila, na mara nyingi alikufa kabla filamu haijaisha. Nafasi kubwa za Wachina walipewa Wazungu waliopakwa vipodozi na kubandikwa macho. California nako sheria ilikataza Mchina kuoana na Mzungu, hivyo studio hazikutaka kumwona akipendana na mwanamume Mzungu kwenye filamu. Na waigizaji wakuu wa kiume karibu wote walikuwa Wazungu. Hesabu ilikuwa wazi.

Mwaka 1928 akafunga virago, akaenda Ujerumani. Huko mwongozaji Richard Eichberg akampa filamu ya Song, na Berlin ikampokea kama malkia. Alijifunza Kijerumani hadi akakizungumza vizuri. Akaingia Uingereza na kucheza Piccadilly, iliyotoka 1929. Humo ni muosha vyombo wa jikoni anayegeuka mchezaji dansi maarufu wa klabu. Jina lake halikuwa la kwanza kwenye matangazo, lakini ukiitazama leo, ni yeye tu anayebaki kichwani.

Jukwaani mambo hayakuwa laini. Mwaka huo huo alicheza The Circle of Chalk jijini London, pamoja na kijana mmoja aliyekuwa bado hajulikani sana, Laurence Olivier. Wakosoaji waliisema vibaya lafudhi yake ya California. Wengine wangerudi nyumbani. Yeye alilipa mwalimu wa matamshi, akarudi na Kiingereza cha Waingereza wa tabaka la juu. Mwaka 1930 akapanda jukwaani Vienna akiigiza kwa Kijerumani. Filamu zilipoanza kuwa na sauti, alicheza hadithi moja kwa Kiingereza, Kijerumani na Kifaransa.

Aliporudi Marekani alipata tamthilia ya On the Spot pale Broadway. Mwaka 1931 akawa nyota wa Daughter of the Dragon kwa dola 6,000, wakati Warner Oland, Mzungu aliyeigiza kama Mchina na kuonekana kwa muda mfupi tu, alilipwa dola 12,000. Mwaka 1932 ikaja Shanghai Express na Marlene Dietrich.

Pigo kubwa lilikuja 1935. Studio ya MGM ilikuwa inaandaa The Good Earth, hadithi ya wakulima wa China. Wong aliitaka sana nafasi ya mke, O-Lan. Lakini mume alishachaguliwa kuwa Paul Muni, Mzungu, na kanuni za filamu hazikuruhusu Mchina awe mke wa Mzungu kwenye skrini, hata huyo Mzungu akiwa anaigiza Mchina! O-Lan akapewa Luise Rainer, mzaliwa wa Ujerumani, ambaye alishinda Oscar. Wong alitakiwa acheze Lotus, nyumba ndogo mwenye roho mbaya. Akakataa.

Mwaka 1936 akapanda meli kwenda China kwa mara ya kwanza. Huko nako baadhi ya watu walimlaumu kwamba filamu zake zimeliabisha taifa. Alikaa miezi kadhaa, akasoma maigizo ya jadi Beijing na kumtembelea baba yake, aliyekuwa amerudi kijijini Taishan. Vita vilipozuka, alichangisha fedha kwa ajili ya Wachina.

Mwaka 1951 alipata tamthilia yake ya runinga, The Gallery of Madame Liu-Tsong, akicheza muuza kazi za sanaa anayepeleleza uhalifu. Ilidumu msimu mmoja.

Alikuwa anatarajiwa kucheza katika Flower Drum Song, filamu iliyojaa waigizaji wenye asili ya Asia, lakini moyo ulisimama Februari 3, 1961. Alikuwa na miaka 56. Alizikwa Los Angeles katika kaburi moja na mama yake, na jina lake likaandikwa pembeni mwa jiwe, kwa Kichina.