MAMA WA KATILILI

Katika kalasi ya historia tunasikia sana majina ya wababa waliopigania uhuru. Wamama tunawasikia kidogo, kama vile walibaki tu jikoni. Basi leo tunawaletea maisha ya Mekatilili wa Menza, wa kabila la Wagiriama, kule pwani ya Kenya. Jina lake la kwanza ni Mnyazi. Alipozaa mtoto Katilili wakamwita Mekatilili, ni kusema mama wa Katilili.

Mwaka 1912 Waingereza walituma kwao administrata mmoja, Bwana Champion. Alitaka kodi ya nyumba, na zaidi alitaka vijana waende kazi katika mashamba ya wazungu. (Wazee wetu wa hapa wanajua vizuri kazi za namna ile.) Mekatilili alikuwa mjane, tena si chifu. Akazunguka kijiji kwa kijiji akicheza kifudu, ngoma ya matanga, watu wakamfuata wengi. Mwaka 1913 wakakusanyika Kaya Fungo, boma takatifu la Wagiriama ndani ya msitu. Wamama wakala kiapo chao, wababa chao: hakuna kutoa kodi, hakuna kutoa kijana. Watu husimulia pia kwamba alimwonyesha Champion kuku na vifaranga, akamwambia ajaribu kuchukua kimoja. Kuku akamdonoa. Sisi tunaona hotuba ile ilitosha!

Mwezi wa kumi alikamatwa pamoja na mzee Wanje wa Mwadorikola, wakapelekwa Kisii, upande mwingine kabisa wa Kenya. Mwezi wa kwanza 1914 wakatoroka, wakarudi kwa miguu. Ni kama mtu atoke Kalemie atembee mpaka Lubumbashi.

Mwezi wa nane Waingereza walibomoa Kaya kwa baruti, vita ikawaka. Mekatilili akakamatwa tena. Wagiriama karibu 150 waliuawa, nyumba kama 5000 zikachomwa moto, na faini ikawa rupia 100,000. Wenye kupiga mishale walikuwa wanaume, ndiyo sababu vita inahesabiwa kuwa yao. Lakini kiapo cha wamama kilitangulia mshale wa kwanza kwa mwaka mzima.

Mwaka 1919 alirudi kwao, akakaa Kaya, akiongoza baraza la wamama, naye Wanje la wababa. Alikufa karibu na mwaka 1924. Sanamu yake ilisimamishwa Malindi mwaka 2010.