Friedrich List, Mtu Aliyechora Reli za Ujerumani

Wasomaji wengi wa gazeti letu wamekwisha kusikia habari za Reli ya Kati, ile itokayo Dar es Salaam mpaka Kigoma. Wajerumani walianza kuijenga mwaka 1905, wakaifikisha Kigoma mwaka 1914. Kwa hiyo ni rahisi kudhani kwamba Mjerumani na reli walizaliwa siku moja. Sivyo hata kidogo. Mwaka 1834 Ujerumani nzima haikuwa na njia hata moja ya gari moshi la abiria, na watu wengi wenye akili walidhani haitafaa kitu. Katika habari hii nataka kueleza maisha ya mtu mmoja aliyeziona reli hizo zote kabla hazijajengwa, na jinsi alivyolipwa.

Friedrich List alizaliwa mwezi wa Agosti mwaka 1789 katika mji wa Reutlingen, kusini ya Ujerumani. Baba yake alikuwa mtengenezaji wa ngozi, naye hakuwa maskini. Lakini kijana hakuwa na moyo na kazi ya ngozi. Akaiacha, akashika kalamu, akawa karani katika serikali ya mfalme wa Württemberg. Alikuwa mwepesi wa kujifunza na hodari wa kuandika, basi akapanda cheo baada ya cheo, hata mwaka 1817 akafanywa profesa katika chuo kikuu cha Tübingen. Alikuwa hajatimiza miaka thelathini.

Hapa yafaa tukumbuke kwamba Ujerumani ya siku hizo haikuwa nchi moja. Zilikuwa nchi thelathini na tisa, kubwa na ndogo, nyingine zenye wafalme, nyingine zenye watawala wadogo, nyingine miji iliyojitawala. Karibu kila moja ilikuwa na forodha zake. Mfanyabiashara aliyetoka Berlin kupeleka bidhaa Uswisi alivuka nchi kumi njiani, na kila mpakani alifungua mizigo, akalipa ushuru, akafunga tena. Bidhaa ilipofika mwisho wa safari, bei yake ilikuwa imepanda sana. List aliona jambo hilo kuwa ni ugonjwa wa taifa lake. Mwaka 1819, mjini Frankfurt, aliwasaidia wafanyabiashara kuunda chama cha kudai forodha za ndani ziondolewe. Wakubwa wa Württemberg hawakupendezwa na profesa wao kujitia katika mambo hayo, na mwaka huohuo akauacha uprofesa.

Watu wa Reutlingen wakamchagua awe mjumbe wao katika bunge la Württemberg. Mwaka 1821 akaandika hati ya malalamiko, akieleza jinsi maofisa wa serikali walivyowalemea raia kwa makaratasi, ushuru na amri zisizo na faida. Kwa hati hiyo alifukuzwa katika bunge, na mwaka 1822 akahukumiwa kifungo cha miezi kumi. Akakimbia, akazunguka Ufaransa na Uswisi, akarudi mwaka 1824 akitumaini kusamehewa. Wapi! Alipelekwa moja kwa moja katika ngome ya Hohenasperg. Mwezi wa Januari 1825 alifunguliwa kwa sharti la kuhama nchi. Wahenga husema mcheza kwao hutunzwa. Huyu alicheza kwao, akatunzwa kifungo na kufukuzwa.

Basi akapanda meli pamoja na mkewe na watoto, wakaenda Marekani. Huko Pennsylvania alijaribu ukulima, ukamshinda. Akawa mhariri wa gazeti la Kijerumani katika mji wa Reading. Kisha bahati ikamwangukia: karibu na Tamaqua, katika milima, alipata mahali penye makaa ya mawe. Lakini makaa ya mlimani yasiyo na njia ya kuyatoa ni mawe meusi tu. Kwa hiyo yeye na wenzake wakaunda kampuni, wakajenga reli kutoka Tamaqua mpaka Port Clinton, penye mfereji wa mashua. Njia hiyo ilifunguliwa mwaka 1831. Hapo List aliona kwa macho yake jinsi reli inavyoweza kugeuza kijiji cha porini kuwa mji. Akawa raia wa Marekani na mtu mwenye mali. Angeweza kukaa huko akastarehe mpaka uzee wake. Lakini mawazo yake yalikuwa bado Ujerumani.

Akarudi, na mwaka 1834 akawa balozi mdogo wa Marekani katika mji wa Leipzig, nchi ya Saxony. Kazi hiyo ilikuwa na heshima, lakini haikujaza mfuko. Leipzig ulikuwa mji wa magulio makubwa, na wafanyabiashara wake walikuwa wamekwisha kuzungumza juu ya kupata reli ya kwenda Dresden, mji wa mfalme. Mwaka 1833 List alitoa kijitabu juu ya reli hiyo, na ndani yake akatia ramani. Ramani hiyo ndiyo iliyomfanya asisahauliwe. Wengine walifikiri njia moja tu, mwanzo wake na mwisho wake. Yeye alichora njia za Ujerumani nzima: Leipzig na Dresden, Leipzig na Magdeburg, Berlin na Hamburg, na nyingine za kufika Bremen, Köln, München na hata Basel mpakani mwa Uswisi. Mistari hiyo ilikata mipaka ya nchi zote kana kwamba mipaka haikuwapo.

Fikira yake ilikuwa hii. Njia fupi yenye ncha mbili huwafaa watu wa ncha hizo tu, lakini njia ikiunganika na nyingine, kila stesheni mpya huziongezea faida stesheni zote zilizotangulia. Kuni, makaa na nafaka vitakwenda kutoka penye vingi mpaka penye vichache, na bei itashuka kwa maskini pia. Na watu waliozoea kusafiri pamoja na kuuziana vitu, mwisho wao watachoka na forodha. Tarehe 1 Januari 1834 nchi nyingi za Ujerumani ziliungana katika umoja wa forodha. Kwa List, umoja huo na reli vilikuwa kama ndugu pacha.

Si wote waliokubali. Wenye magari ya farasi waliogopa kukosa kazi, na wenye mashamba hawakutaka ardhi yao ipasuliwe. Lakini mwaka 1835 kampuni ya Reli ya Leipzig na Dresden iliundwa. Zilitolewa hisa 15,000 za taleri mia mia, na zote zikaisha kwa muda wa siku moja na nusu. Mwezi wa Desemba mwaka huohuo reli ya kwanza ya Ujerumani ilifunguliwa mahali pengine, kati ya Nürnberg na Fürth. Ilikuwa na urefu wa kilomita sita tu, na gari moshi lake, Adler, lilitoka Uingereza.

Reli ya Leipzig ilikuwa kazi kubwa zaidi, karibu kilomita 116. Fundi mkuu wake alikuwa Karl Theodor Kunz. Ilifunguliwa kipande kwa kipande, kama mtu anayeshona nguo huku amekwisha kuivaa. Mwezi wa Aprili 1837 gari lilikwenda kutoka Leipzig mpaka kijiji cha Althen tu. Mwaka uliofuata likafika Machern, kisha Wurzen, Dahlen, Oschatz na Riesa. Upande wa Dresden nako watu walijenga wakija kuwapokea wenzao, na stesheni yao moja ya mwanzo iliitwa Weintraube, kwa jina la nyumba ya wageni iliyokuwa hapo. Penye Riesa palijengwa daraja la kuuvuka mto Elbe. Penye Oberau kilima kilizuia njia, ikabidi kukitoboa tundu la urefu wa mita 513. Mwezi wa Aprili 1839 vipande vyote viliungana. Ilikuwa reli ndefu ya kwanza ya Ujerumani, na safari iliyochosha farasi kutwa nzima na zaidi ikawa ya saa chache tu.

Je, List alikuwa wapi siku hiyo ya shangwe? Hakuwapo. Alikuwa Paris, Ufaransa. Kampuni ilipokwisha kupata fedha haikumpa nafasi katika baraza lake. Alipewa zawadi ya taleri elfu chache, na shukrani, basi. Aliumia sana, kwa maana alitumaini kupata kazi ya kudumu katika jambo alilolihangaikia miaka. Lakini tuwe waadilifu. Wafanyabiashara wa Leipzig ndio waliotia fedha zao hatarini, na Kunz na vibarua ndio waliotoboa kilima. Ramani peke yake haichimbi kitu. Tena List alikuwa mtu mgumu: hakuwa na subira, aligombana upesi, na alitaka kila neno lake lifuatwe. Hata hivyo, kumweka nje kabisa mtu aliyekushika mkono ukavuka mto si jambo la kusifiwa.

Alipokuwa Paris mambo yake yalizidi kuharibika. Fedha alizozipata Marekani zilipungua. Mwanawe wa pekee wa kiume, Oskar, alifariki Algeria akiwa askari katika jeshi la Wafaransa. Mwaka 1840 List akarudi Ujerumani, naye bado hakuuacha wimbo wake wa zamani. Alisikia kwamba reli kubwa ya kuunganisha mashariki na magharibi ingeweza kupita mbali na miji ya Thuringia. Watawala wa nchi ndogo za huko walikuwa kila mmoja akitazama mpaka wake. List akawaandikia, akawaendea, akawaonyesha kwamba mji uachwao na reli hukauka kama mti ulioachwa na mto. Wakasikilizana njia ipite kwao, Weimar, Gotha na Eisenach. Chuo kikuu cha Jena kikampa digrii ya heshima. Kazi hakupewa, hata safari hiyo.

Mwaka 1841 alitoa kitabu chake kikubwa juu ya uchumi wa mataifa. Humo alifundisha kwamba nchi changa yenye viwanda vichanga haiwezi kushindana na nchi iliyokwisha kukomaa, kama vile mtoto hawezi kushindana mieleka na mtu mzima. Yafaa viwanda hivyo vikingwe kwa muda mpaka vipate nguvu. Kitabu hicho kilisomwa katika nchi nyingi, na hata leo wataalamu bado hubishana juu yake. Lakini sifa hazilipi kodi ya nyumba. Alihariri gazeti lake, akasafiri Austria na Hungaria, na mwaka 1846 akaenda London kuwaomba Waingereza wafanye urafiki na Ujerumani. Hawakumsikiliza.

Alirudi mgonjwa, amechoka, na mwenye hofu juu ya riziki ya mkewe na binti zake. Mwezi wa Novemba alifunga safari kwenda kusini akitafuta nafuu, lakini alifika Kufstein tu, mji wa Austria ulioko milimani. Huko, tarehe 30 Novemba 1846, alijiua kwa bastola. Alikuwa na miaka hamsini na saba. Jambo hilo ni la kusikitisha mno, wala silielezi ili kumhukumu. Mtu aliyebeba mzigo peke yake muda mrefu huweza kufika mahali asipoona tena kwamba wako watu ambao wangempokea.

Sasa, msomaji, tazama tarehe. Mwezi uliofuata, Desemba 1846, reli ya Berlin na Hamburg ilikamilika. Mwezi huohuo gari moshi la kwanza liliingia Weimar kwa njia ile ya Thuringia. Mistari miwili ya ramani yake ilitimia kabla majani hayajaota juu ya kaburi lake. Mwaka 1859 reli ikafika Reutlingen, mji uliomzaa, na mwaka 1863 watu wa mji huo wakamsimamishia sanamu karibu na stesheni. Mfalme aliyemfunga alikuwa angali hai.

Reli ya Leipzig na Dresden ingali inatumika. Tundu la Oberau halipo tena. Lilikuwa jembamba mno kwa magari mapya, kwa hiyo mwaka 1933 na 1934 kilima kilikatwa wazi toka juu. Mjini Leipzig, mahali pa stesheni za zamani zilizokuwa kila moja na kampuni yake, ilijengwa stesheni kuu moja, mojawapo ya zilizo kubwa sana katika Ulaya, ikamalizika mwaka 1915. Reli zilizokuwa na wenyewe mbalimbali zikaja kulala chini ya paa moja. Ndilo jambo alilolitaka tangu mwanzo.

Sisi tulio katika kidato cha mwisho huulizana kila jioni ni kazi gani yenye mshahara mzuri, na swali hilo si baya, maana List mwenyewe aliuawa nusu na ukosefu wa mshahara. Lakini habari zake zimenifundisha mambo mawili. La kwanza, mtu anayeona mbali asiache kuwatazama walio karibu naye, kwa maana pasipo wao hafiki. La pili linawahusu wale watakaokuwa wakubwa wa kampuni na wa serikali kesho, na baadhi yao wanasoma gazeti hili. Siku mtakapofungua njia mpya na bendi ikapigwa, geukeni mtazame kama yule aliyeichora kwanza amepewa kiti.