Jina Juu ya Lango la Uwanja

Msafiri atokaye Nzega kwenda Tabora hupita Puge, akisaliwa na kilomita zipatazo 56 kufika mjini. Hapo, kama katika kila mji mdogo wa nchi hii, vijana hucheza kandanda, kisha husikiliza redioni habari za viwanja vikubwa. Majina mawili huyasikia mara kwa mara: Ali Hassan Mwinyi wa Tabora, na Sheikh Amri Abeid wa Arusha. La kwanza halihitaji maelezo. La pili wengi hulitamka kama watamkavyo jina la mlima, wasijue kwamba ni la mtu aliyesoma hapo hapo Tabora.

Tunaona ni wajibu wetu kumkumbusha mtu huyo, hasa kwa ndugu zetu wa Visiwani na kwa viongozi wa Serikali wenye dhamana ya utamaduni.

Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka 1924, mwisho wa njia ya misafara iliyoanzia Bagamoyo, ikatazamana na Unguja, na kupita Tabora. Njia ile ilibeba pembe za ndovu na minyororo ya watumwa, na hilo halifichiki. Lakini ilibeba Kiswahili vilevile, kikastawi kwenye ufuko wa Ziwa Tanganyika mpaka kikawa lugha ya nyumbani. Mwaka 1954 mtoto huyo wa Ujiji alitoa kitabu kiitwacho Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Yale ambayo malenga wa Pemba, Mombasa na Lamu waliyarithi kwa sikio, yeye aliyaweka kwenye karatasi: vina, mizani, beti na vituo. Mzigo uliopelekwa bara na wapagazi ulirudi pwani ukiwa kitabu. Washairi walipogawanyika katika miaka ya 1970, wengine wakitetea vina na wengine wakivikataa, kitabu hicho kilikuwa katikati ya ugomvi, na mwandishi wake alikuwa kaburini.

Usheikh wake ulikuwa wa Jumuiya ya Ahmadiyya, naye alishiriki katika kazi ya tafsiri ya Kurani kwa Kiswahili iliyotolewa na Jumuiya hiyo mwaka 1953. Tunajua wako wasomaji wetu Visiwani watakaokunja uso hapa. Tafsiri ile ilipingwa vikali, na Sheikh Abdulla Saleh Farsy wa Unguja alitoa yake kamili mwaka 1969. Hatuingii katika mzozo wa wanazuoni. Tunasema tu kwamba Kiswahili kilitoka humo na hazina mbili.

Mwaka 1960 alikuwa Mwafrika wa kwanza kushika umeya wa Dar es Salaam. Mwaka 1963 akawa Waziri wa Sheria, kisha akakabidhiwa maendeleo na utamaduni wa Taifa. Mwezi Oktoba 1964, Muungano ukiwa haujatimiza hata mwaka, alifariki dunia nchini Ujerumani Magharibi. Alikuwa na umri wa miaka 40.

Umaarufu wake, basi, haukutokana na mpira. Hatuoni ubaya uwanja kuitwa kwa jina la mshairi. Pengine ni heshima iliyo hai kuliko ya mnara usiotembelewa na mtu. Tunachosikitikia ni jina kubaki mdomoni huku mtu akitoweka. Hata tahajia imeyumba: kitabu kinasema Abedi, uwanja unasema Abeid.

Wanaohusika na viwanja na wanaohusika na utamaduni wanaweza kukubaliana kuweka kibao kwenye lango la Arusha, chenye mistari michache ya maisha yake. Kingine kiwekwe Tabora, mahali ambapo kijana wa Puge aliyekuja kutazama mechi ataweza kukisoma. Na jina liandikwe kama lilivyo juu ya kitabu chake.