Zoya Fyodorova: Staa wa filamu aliyetupwa jela kwa kumpenda Mmarekani

UKIDHANI umaarufu ni ngao, sikiza kisa cha Zoya Fyodorova.

Mrembo huyu alizaliwa Saint Petersburg, Urusi, miaka michache kabla ya mapinduzi ya 1917. Jina lake lilianza kuvuma 1936 alipoigiza katika Podrugi, filamu kuhusu wasichana watatu walioshibana tangu utotoni na ambao baadaye wanakwenda vitani kama wauguzi. Baada ya hapo, kazi ikawa haimwishi. Akatuzwa mara mbili kwa Tuzo ya Stalin, ambayo enzi hizo ilikuwa heshima si haba. Nani angethubutu kumgusa?

Mapema 1945, vita vikielekea ukingoni, Zoya alikutana na Jackson Tate kwenye dhifa moja jijini Moscow. Jamaa huyo alikuwa afisa wa jeshi la majini la Marekani. Wakapendana kufa kuzikana. Wakati huo Marekani na Umoja wa Kisovieti walikuwa bado wanapigana upande mmoja, kwa hivyo wapenzi hao hawakuona tatizo.

Kumbe serikali ilikuwa macho. Mwaka huo huo Tate alifukuzwa nchini, naye akaondoka bila kujua kwamba mpenzi wake ni mjamzito. Januari 1946 Zoya akajifungua binti, akamwita Victoria, jina la kukumbuka ushindi wa vita.

Mtoto hajatimiza hata mwaka mmoja, maafisa wa usalama wakabisha hodi. Zoya alisingiziwa ujasusi na kuhukumiwa miaka 25. Zile tuzo mbili hazikumsaidia lolote. Familia nayo haikusazwa. Dada yake mmoja alifungwa na kufia kambini. Mwingine, Alexandra, alihamishwa kwa nguvu hadi Kazakhstan, akaenda na watoto wake pamoja na Victoria. Huko msichana huyo alikua akimwita Alexandra mama, kwa kuwa hakumjua mwingine.

Stalin alifariki 1953, na kesi nyingi za aina hiyo zikaanza kuangaliwa upya. Zoya aliachiliwa 1955 baada ya kuozea gerezani kwa miaka minane. Victoria, sasa akiwa na miaka tisa, alipandishwa gari-moshi hadi Moscow kukutana na mwanamke ambaye kwake alikuwa mgeni kabisa. Ilibidi mama na mwana waanze kujuana upya.

Zoya alirudi kwenye kamera, lakini urembo wa ujana ulikuwa umebaki nyuma ya vyuma vya gereza. Hakuona haya kuchukua nafasi ndogo ndogo za wanawake wa makamo wenye vituko. Mashabiki walimcheka na kumpenda katika Svadba v Malinovke ya 1967. Pia ndiye bawabu wa bweni la wasichana katika Moskva slezam ne verit, filamu iliyonyakua tuzo ya Oscar 1981.

Victoria naye akawa mwigizaji. Mwaka wa 1975 aliruhusiwa kusafiri hadi Florida, Marekani, akamwona baba yake kwa mara ya kwanza akiwa na umri wa miaka 29. Mwaka uliofuata Zoya alimfuata na kukutana tena na Tate, wote wawili sasa wakiwa wazee. Tate alifariki 1978.

Desemba 1981, Zoya alipatikana ameuawa kwa kupigwa risasi nyumbani kwake Moscow. Wapo waliosema ni biashara ya vito, wengine wakawanyooshea kidole majasusi wa serikali. Hadi leo muuaji hajajulikana.

Dola ilimnyang'anya Zoya ujana wake, mpenzi wake na miaka ya kumlea mwanawe. Kitu kimoja tu kiliishinda: kuwazuia mama, baba na binti yao wasionane tena.