Bi. Esfir Shub na Mkasi Wake

Tukienda senema, majina tunayoyasoma ukutani na kuyakumbuka ni ya wachezaji, na pengine mwongozaji. Yule aliyekaa na mkasi chumba cha nyuma, akikata ukanda na kuuunga, hatumwulizi. Leo napenda kuwasimulia wasomaji habari za mmoja wao, Bi. Esfir Shub wa Urusi, ambaye alitoa filamu kubwa kwa picha zilizopigwa na wengine.

Alizaliwa mwaka 1894. Mwaka 1922 aliingia katika shirika la senema la serikali mjini Moscow, kazi yake ikiwa kuziunga upya filamu za kigeni ziwaridhishe watawala wapya. Mezani kwake ndipo Sergei Eisenstein, aliyekuja kuvuma ulimwengu mzima, alipojifunza kuunga. Mwaka 1924 waliishughulikia pamoja filamu ya Fritz Lang, Dr. Mabuse.

Mwaka 1926 bibi huyu akaenda Leningrad kutafuta picha za zama za Czar Nicholas II, aliyeondolewa katika kiti mwaka 1917. Alizikuta kanda zimerundikwa ghala la chini lenye unyevu, nyingi zimekwisha haribika. Kwa muda wa miezi miwili hivi alitazama mita 60,000! Kumbe baadhi zilikuwa Marekani, ikabidi zinunuliwe.

Humo zilikuwamo kanda za Czar mwenyewe, zilizopigwa na watu wake: jamaa zake, gwaride, sherehe. Zilipigwa kwa fahari na kumbukumbu. Shub alizipanga tu, asiongeze maigizo. Mabwana na mabibi wanacheza dansi sitahani mpaka jasho likawatoka. Mara twaona mafukara wakichimba, nao wanapangusa jasho. Basi. Mtazamaji amekwisha fahamu. Filamu hiyo, Kuanguka kwa Ukoo wa Romanov, ilitoka mwaka 1927.

Nami hapa husita kidogo. Wacheza dansi wale hawakujua kwamba furaha yao itageuzwa ushahidi juu yao, wala wachimbaji hawakuwa karibu na merikebu ile. Aliyewakutanisha ni mwenye mkasi, na mkasi huo huo, katika mkono mwingine, ungeweza kumsingizia mtu aliyekwisha kufa na asiyeweza kujitetea.

Lakini hayo siyo waliyomlaumia wakubwa wa senema wa huko. Wao walimnyima haki ya mtungaji, ati hakupiga picha, kaunga tu vya wenzake. Mshairi Mayakovsky alimtetea hadharani, nami niko upande wake. Kwani fundi wa kanzu hudaiwa aufume mwenyewe uzi?

Shub hakuvunjika moyo. Mwaka 1928 alitoa filamu juu ya Tolstoy na Urusi ya zama zake, na mwaka 1939 nyingine juu ya vita vya Hispania, kwa picha alizopiga Roman Karmen huko vitani. Alifariki Moscow mwaka 1959, umri wake miaka 65.