Bertha Benz

Bertha Benz (jina la kuzaliwa: Cäcilie Bertha Ringer, Pforzheim, 3 Mei 1849 – Ladenburg, 5 Mei 1944) alikuwa mwanamke wa Ujerumani aliyegharamia sehemu ya kazi ya mume wake, mhandisi Carl Benz, na mtu wa kwanza kusafiri masafa marefu kwa gari lenye injini. Safari yake ya Agosti 1888 kutoka Mannheim hadi Pforzheim ilikuwa pia mara ya kwanza kwa gari kupimwa kwa taabu halisi za barabarani: milima, kiu ya mafuta, mnyororo uliolegea na breki zilizokwisha. Ngozi ambayo fundi viatu aliipigilia kwenye breki za gari hilo ndiyo inayofanya jina lake litajwe katika historia ya pedi za breki.

Maisha ya awali

Bertha alizaliwa katika mji wa Pforzheim, uliokuwa katika Utemi Mkuu wa Baden, kusini magharibi mwa Ujerumani ya leo. Mji huo ulisifika kwa mafundi wa dhahabu na vito. Baba yake, Karl Friedrich Ringer, alikuwa fundi seremala na mjenzi aliyejipatia mali nyingi. Katika familia yao husimuliwa kwamba siku Bertha alipozaliwa baba yake aliandika katika Biblia ya nyumbani maneno ya masikitiko, kwa kuwa mtoto alikuwa tena msichana. Inasemekana binti huyo aliyaona maandishi hayo baadaye, wala hakuyasahau.

Alisoma shule ya wasichana katika mji wake. Wakati huo vyuo vikuu vya Ujerumani havikuwapokea wanawake kuwa wanafunzi, kwa hiyo hamu yake ya kujua mitambo haikuwa na njia rasmi ya kuendelezwa.

Mwaka 1869, katika matembezi ya pamoja, alikutana na Carl Benz, mhandisi kijana asiye na mali aliyezungumzia sana gari litakalojiendesha lenyewe bila farasi. Baba wa Bertha hakuvutiwa sana na mchumba wa namna hiyo. Bertha alivutiwa.

Ndoa na fedha za karakana

Mwaka 1871 Carl Benz alianzisha karakana ya vyuma mjini Mannheim pamoja na mshirika aitwaye August Ritter. Ushirika huo haukudumu, kwa kuwa Ritter hakuwa mtu wa kutegemewa, na karakana ilikuwa hatarini kufungwa. Bertha aliomba apewe mapema fedha ambazo wazazi wake walikuwa wamemwekea kwa ajili ya ndoa, naye Carl akazitumia kununua sehemu ya Ritter.

Hapa inafaa kufafanua desturi, kwa maana msomaji wa Kiswahili anaweza kudhani ni mahari. Mahari hutolewa na upande wa mume. Fedha za Bertha zilitoka kwa wazazi wa mke. Ni mali ambayo binti wa Kizungu wa tabaka lake aliingia nayo katika ndoa ili kuanzia maisha. Kuzitoa kabla ya harusi, kwa karakana inayoyumba ya mtu ambaye bado si mume wake, kulikuwa kuhatarisha kila alichokuwa nacho.

Walioana tarehe 20 Julai 1872. Walijaliwa watoto watano: Eugen, Richard, Clara, Thilde na Ellen. Miaka ya kwanza ilikuwa ya dhiki, kwa sababu msukosuko wa uchumi ulioanza mwaka 1873 uliharibu biashara nyingi Ujerumani, na karakana ya Benz iliandamwa na wadai. Carl aligeukia injini ya gesi akitumaini itawaokoa. Katika kumbukumbu zake alieleza kwamba usiku wa mwisho wa mwaka 1879, baada ya chakula, Bertha ndiye aliyemhimiza warudi karakanani wakaijaribu injini mara moja tena. Usiku huo ikawaka, ikaendelea kunguruma.

Mwaka 1883 Carl aliunda kampuni ya Benz & Cie. pamoja na washirika wapya. Tarehe 29 Januari 1886 aliomba hataza ya gari la magurudumu matatu linaloendeshwa kwa injini, nayo ikasajiliwa kwa namba 37435. Jina lililoandikwa ni la Carl peke yake. Kwa sheria za wakati huo mali ya mke ilisimamiwa na mume, na mchango wa mke katika biashara haukuwa na mahali pa kuandikwa. Ndiyo maana historia nyingi za zamani za motokaa zinampita Bertha kwa mstari mmoja, au hazimtaji kabisa.

Safari ya Agosti 1888

Miaka miwili baada ya hataza, gari lilikuwepo lakini wanunuzi hawakuwepo. Watu wa Mannheim walikuwa wameliona likipita mitaani tangu Julai 1886, wengine wakalishangaa, wengine wakalicheka. Carl alikuwa mtu wa kusitasita: kila mara aliona jambo jingine la kurekebisha kabla ya kulipeleka gari mbali. Bertha aliona kwamba marekebisho hayo hayatawashawishi wanunuzi. Kilichohitajika ni gari kuonekana likifika mahali.

Alfajiri moja ya Agosti 1888, mume akiwa bado amelala, alilitoa gari akiwa na wanawe wawili, Eugen mwenye miaka 15 na Richard mwenye miaka 13. Safari ilikuwa ya kumtembelea mama yake Pforzheim, umbali wa zaidi ya km 100 kwa njia waliyoifuata. Gari lenyewe, la aina ya tatu katika mfululizo wa Benz, lilikuwa na injini ya silinda moja yenye nguvu isiyozidi farasi 3, likiongozwa kwa mpini mdogo badala ya usukani wa duara. Halikuwa na tangi la mafuta. Akiba yote ilikuwa lita chache zilizomo ndani ya kabureta. Barabara zilikuwa za magari ya farasi, zenye mashimo na vumbi.

Mafuta yalipopungua, walisimama mjini Wiesloch kwenye duka la dawa la Willi Ocker. Bertha akanunua ligroini, kimiminika cha jamii ya petroli ambacho watu walikitumia kuondolea madoa ya nguo. Duka hilo leo husifiwa kuwa kituo cha kwanza cha mafuta duniani. Maji ya kupoza injini nayo yalichemka na kuisha haraka, wakayachota popote walipoyapata.

Matatizo mengine aliyatatua kwa vitu alivyovaa. Mrija wa mafuta ulipoziba, aliuzibua kwa pini ndefu ya kofia yake. Waya wa umeme ulipochubuka, aliukinga kwa mkanda wa kushikilia soksi. Mnyororo uliopeleka nguvu kwenye magurudumu ulipolegea, mhunzi wa Bruchsal aliwasaidia. Kwenye milima injini ilishindwa, kwa kuwa gari lilikuwa na gia mbili tu, na vijana wakashuka kusukuma.

Jioni walifika Pforzheim, na Bertha akampelekea mumewe simu ya maandishi kumjulisha kwamba wako salama. Baada ya siku chache walirudi Mannheim wakiliendesha gari lilelile.

Breki za nyuma na fundi viatu wa Bauschlott

Kupanda kilikuwa kikwazo, lakini hatari ilikuwa katika kushuka. Gari likishindwa kupanda husimama. Likishindwa kuzuiwa mteremkoni huua.

Breki za gari hilo zilifanana na za magari ya farasi. Dereva alivuta wenzo wa mkono, na vipande vya mbao vikagandamizwa kwenye magurudumu ya nyuma. Gurudumu la mbele lilikuwa moja tu, la kuongozea, lisilo na breki. Kwa hiyo uhai wa abiria wote ulitegemea vipande hivyo viwili vya nyuma.

Kazi ya breki ni kugeuza mwendo kuwa joto kwa njia ya msuguano. Farasi husaidia kuzuia gari, kwani naye hujizuia mteremkoni. Gari la injini halina msaidizi huyo, na mzigo wote huangukia breki. Katika milima ya njia ya Pforzheim vipande vile vilisuguliwa hadi vikaisha nguvu. Walipokuwa katika kijiji cha Bauschlott, Bertha alimwendea fundi viatu, akamtaka apigilie ngozi juu ya vipande vya breki. Ngozi ilishika vizuri kuliko mbao tupu, na ilipochakaa iliweza kubanduliwa na kuwekwa nyingine bila kubadilisha breki nzima.

Wazo hilo la pili ndilo lenye uzito. Pedi ya breki ya leo ina bamba la chuma na, juu yake, tabaka la kitu cha kusugua kilichotengenezwa ili kiliwe. Bamba hubaki, tabaka huisha. Anayefungua gurudumu la nyuma la gari lake uani kwake, akatoa pedi zilizobaki unene wa ukucha na kuweka mpya, anafanya kazi ileile ya Bauschlott kwa vifaa bora zaidi. Kanuni ya usalama pia ni ileile: breki hubadilishwa kabla haijaisha kabisa, na za pande zote mbili kwa pamoja, kwa sababu upande mmoja ukishika kuliko mwingine gari huvutwa pembeni.

Waandishi wengi humwita Bertha mvumbuzi wa pedi ya breki. Sifa hiyo ichukuliwe kwa kiasi. Hakuomba hataza ya ngozi hiyo, na mkono uliopigilia misumari ulikuwa wa fundi viatu. Alichofanya ni kutambua barabarani, akiwa na wanawe garini, kwamba breki ya gari la farasi haitoshi kwa gari la injini, na kupata dawa yake kwa kutumia ufundi uliokuwepo kijijini. Kutengeneza vitambaa vya breki kama biashara kulikuja baadaye: nchini Uingereza Herbert Frood alianza kazi hiyo mwaka 1897, na kampuni yake ikaitwa Ferodo, jina ambalo bado linasomeka kwenye maboksi ya vipuri madukani. Asbesto ilitumika kwa miaka mingi katika pedi kwa kuwa huvumilia joto, hadi madhara ya vumbi lake kwa mapafu yalipofanya nchi nyingi kuipiga marufuku.

Matokeo

Bertha alirudi na orodha ya mambo ya kurekebisha, nayo haikuwa ya kubahatisha. Aliomba gia nyingine kwa ajili ya kupanda milima, na breki zilizo bora. Leo kazi hiyo ingeitwa ya dereva wa majaribio, na viwanda vya magari huilipia vizuri.

Habari za safari zilienea. Septemba mwaka huohuo gari la Benz lilioneshwa katika maonyesho ya mitambo mjini München na kupata medali ya dhahabu. Mauzo hayakupanda mara moja, na wanunuzi wa kwanza wengi walitoka Ufaransa kupitia wakala Emile Roger wa Paris, lakini kufikia mwaka 1899 Benz & Cie. ilitengeneza magari 572 kwa mwaka, ikiwa miongoni mwa watengenezaji wakubwa kabisa duniani.

Miaka ya baadaye

Mwaka 1903 Carl alijitoa katika uongozi wa kampuni baada ya kutoelewana na wenzake. Familia ilihamia Ladenburg, mji mdogo karibu na Mannheim, na mwaka 1906 Carl na mwanawe Eugen walianzisha huko kampuni ya C. Benz Söhne. Benz & Cie. iliungana na kampuni ya Daimler mwaka 1926, na magari yao yakaitwa Mercedes-Benz.

Jina hilo limeingia hata katika Kiswahili. Baada ya uhuru, watu wa Afrika Mashariki waliwaita vigogo waliotembelea magari ya aina hiyo „wabenzi“, kana kwamba ni kabila. Wachache kati ya waliolitamka neno hilo walijua kwamba Benz wa kwanza kufunga safari ndefu alikuwa mama wa watoto wanne wakati huo, na kwamba gari lake lilisukumwa mlimani na wanawe.

Carl alifariki tarehe 4 Aprili 1929. Bertha aliishi miaka 15 zaidi katika nyumba yao ya Ladenburg. Tarehe 3 Mei 1944, alipotimiza miaka 95, Chuo Kikuu cha Ufundi cha Karlsruhe kilimpa heshima ya useneta wa chuo. Ndicho chuo alichosomea mume wake, ambacho kilikuwa kimempa Carl udaktari wa heshima miaka 30 kabla. Bertha alifariki siku mbili baadaye, na akazikwa Ladenburg kando ya mumewe.

Kumbukumbu

Tangu mwaka 2008 njia aliyopita imewekewa alama rasmi kwa jina la Njia ya Kumbukumbu ya Bertha Benz. Kwenda na kurudi ni km 194. Mwaka 2016 aliingizwa katika Ukumbi wa Heshima wa Magari nchini Marekani, miaka 32 baada ya mume wake. Kiwanda cha zamani cha familia huko Ladenburg sasa ni makumbusho ya magari, na mjini Wiesloch ipo sanamu ya ukumbusho karibu na duka la dawa aliponunua ligroini.